Aliitwa Mtumwa, akafa akiitwa Siti: Safari ya jina la binti wa Fumba

Hapa Nyalikungu, kama ilivyo kote Usukumani, jina la mtoto hubeba habari. Ukisikia Kulwa, unajua kuna Doto nyumbani. Ukisikia Shija, unajua mama yake alishajifungua mapacha kabla yake. Kabula ni msichana aliyekuja na mvua. Mgeni akitajiwa majina ya watoto wa mji mmoja, tayari ameshaijua nusu ya historia ya mji huo.

Lakini yapo majina ambayo habari yake ni nzito. Wapo wasichana wanaoitwa Shida, Tabu, Mashaka au Sikujua. Nao wana habari yao: baba alikuwa mgonjwa, chakula kilikuwa kimekwisha, au ndugu walikuwa wanagombana. Mtoto anakua, anaanza shule, mwalimu anaita majina asubuhi na wenzake wanacheka. Anarudi nyumbani na swali ambalo wazazi wengi hawana jibu lake: kwa nini mimi mliniita hivi?

Makala haya yanasimulia maisha ya mwanamke mmoja aliyepewa jina zito kuliko yote hayo. Aliitwa Mtumwa. Leo karibu hakuna anayemkumbuka kwa jina hilo, kwa sababu Afrika Mashariki nzima inamjua kwa jina jingine: Siti binti Saad.

Kuzaliwa Fumba

Siti alizaliwa karibu mwaka 1880 katika kijiji cha Fumba, upande wa kusini magharibi wa kisiwa cha Unguja. Baba yake, Saad, alikuwa Mnyamwezi kwa asili, ukoo wake ukitokea Tabora. Mama yake alikuwa Mzigua, asili yake Tanga. Kwa hiyo, msikilizaji wa Simiyu, binti huyu si wa mbali na wewe. Wanyamwezi ni jirani zetu, na lugha yao na Kisukuma chetu ni ndugu.

Ili kulielewa jina lake, ni lazima kuielewa Unguja ya wakati ule. Kisiwa kilitawaliwa na masultani wenye asili ya Oman, na utajiri wake ulitokana na karafuu, nazi na biashara ya pembe za ndovu. Kazi ngumu za mashambani zilifanywa na watumwa waliotolewa bara. Soko la watumwa la mjini lilifungwa mwaka 1873, miaka michache tu kabla Siti hajazaliwa. Lakini kufungwa kwa soko hakukuwa mwisho wa utumwa. Aliyekuwa mtumwa shambani aliendelea kuwa mtumwa, na mtoto wake alizaliwa katika hali hiyo hiyo. Sheria ya kuufuta utumwa Unguja na Pemba ilitoka mwaka 1897, na hata hapo mtumwa alitakiwa aende mwenyewe kuuomba uhuru wake. Mwaka 1909 ndipo milango ya mwisho ilipofungwa. Huku Tanganyika sheria kama hiyo ilikuja baadaye zaidi, mwaka 1922.

Wazazi wa Siti walikuwa watu wa tabaka hilo la chini. Baba alilima, na mama alifinyanga vyungu. Katika nyumba hiyo ndimo alimozaliwa msichana akaitwa Mtumwa.

Jina Mtumwa lina maana gani?

Neno mtumwa limetoka katika kitenzi kutuma. Mtumwa ni mtu anayetumwa, asiyekuwa na hiari ya kukataa. Kutoka katika kitenzi hicho hicho tumepata mtumishi, yaani anayefanya kazi kwa ajili ya wengine, na tumepata pia Mtume, aliyetumwa na Mwenyezi Mungu. Shina ni moja, lakini matawi yake yanaelekea mbali mbali: tawi moja ni la heshima kubwa kabisa, jingine ni la watu walionunuliwa na kuuzwa.

Jina hili halikuwa lake peke yake. Unguja na Pemba wapo wanawake waliolibeba, na wapo wanaolibeba hadi leo bila aibu yoyote. Si kila aliyeitwa hivyo alikuwa mtumwa, kama vile si kila anayeitwa Shida amezaliwa katika shida. Lakini kwa msichana wa Fumba aliyezaliwa mwaka 1880, wazazi wake wakiwa na asili ya bara, jina hilo lilifanya kazi kama alama. Kabla hajafungua mdomo, kila aliyelisikia alijua ametoka wapi na anatakiwa akae wapi.

Watu wa pwani wa wakati ule walisoma alama za namna hiyo kila mahali. Waliangalia nguo: mwanamke mtumwa alivaa kaniki, shuka nyeusi au ya rangi ya nili, wakati mabibi wa mjini walivaa mavazi ya thamani. Waliangalia kichwa, kama kimefunikwa au hakikufunikwa. Na walisikiliza jina. Ndiyo maana utumwa ulipofutwa, watu wengi walioachiwa huru walianza kubadilisha vitu hivyo. Kaniki zikawekwa kando, kanga za rangi zikaingia. Wengi wakaacha pia majina waliyopewa na mabwana wakachukua majina mapya. Hawakutaka tena mtu awasome utumwa kwa mbali.

Vyungu na sauti

Mtumwa binti Saad hakupelekwa shule. Alijifunza kazi ya mama yake, ufinyanzi. Vyungu vikishachomwa, vilipangwa na kubebwa kwenda kuuzwa mjini, mwendo mrefu kwa miguu. Mama yeyote wa Maswa aliyewahi kubeba mtungi au kikapu cha mboga kwenda mnadani anaijua kazi hiyo: shingo inauma, miguu imejaa vumbi, na ukifika lazima upaze sauti ili wateja wajue umekuja.

Yeye alipaza sauti kwa kuimba. Alitembeza vyungu huku akiimba, na watu walimsikia kabla hawajamwona. Walianza kusogea kusikiliza, na waliokuja kusikiliza walinunua. Hakujua bado, lakini hapo ndipo alipokuwa anajifunza kazi ya pili.

Mwaka 1911, akiwa na umri wa miaka kama 30, aliihama Fumba akaenda kuishi mjini. Mwaka huo huo Sultani Khalifa bin Harub alishika kiti cha enzi. Wakati ule hakuna ambaye angedhani kwamba muuza vyungu huyu angekuja kuimba mbele ya Sultani.

Mlango wa taarabu

Taarabu ilikuwa tayari imeshafika Unguja. Sultani Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, ndiye aliyeileta katika jumba lake kutoka Misri. Alimpeleka huko kijana wa Kiunguja, Mohamed Ibrahim, kujifunza ala iitwayo kanuni. Mwaka 1905 wanaume wa mjini waliunda klabu yao ya muziki, Nadi Ikhwan Safaa, ambayo ipo hadi leo. Muziki huo uliimbwa kwa Kiarabu. Ulikuwa muziki wa jumba na wa watu wenye majina makubwa, na waimbaji wake walikuwa wanaume.

Mtu mmoja wa klabu hiyo, Ali Muhsin, aliisikia sauti ya mwanamke huyu. Akaamua kumfundisha: namna ya kuimba ikifuatana na ala, na namna ya kutamka Kiarabu cha nyimbo. Kwa mwanamke asiyejua kusoma wala kuandika, haya yote yalipita sikioni na kubaki kichwani. Alikariri.

Baadaye akawa na kundi lake mwenyewe. Walikuwemo Subeti bin Ambari, Mbaruk, Buda bin Mwendo na Maalim Shaaban. Walikutana nyumbani kwake upande wa Ng'ambo, yaani ng'ambo ya Mji Mkongwe, walikoishi watu wa kawaida: wachukuzi, wavuvi, wauza samaki na watu waliotoka katika utumwa. Usiku watu walikusanyika kusikiliza. Hapo ndipo alipofanya jambo lililobadilisha muziki wa pwani. Aliimba taarabu kwa Kiswahili.

Kwetu leo hilo linaonekana jambo dogo. Wakati ule lilikuwa kubwa. Mtu wa Ng'ambo aliyekuwa akisikia muziki wa jumba bila kuelewa neno, sasa alisikia muziki ule ule ukizungumza lugha yake na kueleza mambo ya mtaa wake.

Siti maana yake nini?

Katika miaka hiyo ya mjini ndipo jina Mtumwa lilipoanza kumwachia nafasi jina jingine. Wapenzi wa sauti yake wakamwita Siti.

Siti ni neno lililotoka katika Kiarabu. Maana yake ni bibi, mwanamke wa heshima, kama tunavyosema mheshimiwa. Huko mashariki ya mbali, Indonesia na Malaysia, Siti ni jina la wasichana wengi mno, limefika huko pamoja na Uislamu kama lilivyofika pwani yetu. Lakini katika Unguja ya masultani neno hilo lilikuwa la wanawake wa nyumba kubwa. Mtu alizaliwa nalo. Halikuwa la kufanyiwa kazi.

Sasa tazama kilichotokea. Msichana aliyepewa jina la mtu wa chini kabisa amepewa jina la mtu wa juu kabisa, katika mji ule ule, na watu wale wale wanaojua vizuri maana ya majina yote mawili. Hakununua heshima hiyo wala hakuirithi, bali aliipata kwa koo lake na kwa jasho lake.

Lakini upande wa pili wa jina aliubakiza: binti Saad. Kwa Kisukuma tungesema ng'wana Saad. Saad hakuwa tajiri wala mtu wa ukoo mkubwa, alikuwa Mnyamwezi mkulima wa Fumba. Wengi waliopanda daraja wakati ule walificha asili yao na kujitafutia mababu wengine. Yeye alipanda na jina la baba yake. Kila aliposifiwa, Saad naye alitajwa.

Waliomcheka

Usidhani kwamba jina jipya lilifunga midomo ya watu. Alipopata umaarufu, wapo waliomwonea wivu. Walimkumbusha Fumba na vyungu. Walimcheka sura yake, wakatunga hata nyimbo za kumkejeli. Jibu lake alilitoa kwa njia anayoijua, kwa wimbo, akieleza kwamba uzuri wa uso si hoja kama mtu hana akili.  Wimbo wa jibu bado unaimbwa.

Aliimba pia mambo ambayo wengine waliyanong'ona tu. Wimbo wake mmoja unaojulikana sana, Kijiti, unasimulia mauaji ya kweli. Mwanamke aliyetoka Dar es Salaam kutembea Unguja aliuawa na mwanamume wa jina hilo. Muuaji akakimbilia bara, na waliobanwa mahakamani wakawa ni wanawake waliokuwa wenyeji wa marehemu. Watu wa Ng'ambo hawakuwa na gazeti lao wala redio ya kuwasemea. Kwa wimbo huo habari ile ilienea, na hasira ya watu ilipata sauti.

Bombay, mwaka 1928

Mwaka 1928 kampuni ya His Master's Voice, ile yenye picha ya mbwa anayesikiliza gramafoni, ilimwita Siti na kundi lake India. Walipanda meli wakavuka bahari hadi Bombay, wakaimba mbele ya mitambo ya kurekodi. Siti akawa miongoni mwa waimbaji wa kwanza kabisa wa Afrika Mashariki kusikika katika santuri kwa Kiswahili. Nyimbo zilizorekodiwa katika miaka iliyofuata zilipita mia moja.

Santuri hizo zilitembea kuliko yeye mwenyewe. Zilipigwa katika mikahawa ya Unguja na Mombasa, zikapita Dar es Salaam, zikaingia bara hadi Uganda na Kongo. Mwenye gramafoni aliifungua nyumbani, majirani wakajaa uani. Watu ambao hawajawahi kuiona bahari waliisikia sauti ya mwanamke wa Fumba. Na katika karatasi ya duara iliyobandikwa katikati ya kila santuri, jina lililochapishwa lilikuwa Siti binti Saad.

Mjini kwake aliitwa katika harusi za matajiri na katika jumba la Sultani. Kisha alirudi Ng'ambo akawaimbia watu wa kawaida.

Mwisho wa safari

Katika siku zake za mwisho mwandishi Shaaban Robert alikutana naye na kuyachukua maisha yake kutoka kinywani mwake. Akayaandika katika kitabu, Wasifu wa Siti binti Saad, ambacho kimesomwa na wanafunzi wengi. Kama si kitabu hicho, huenda leo tungekuwa na nyimbo zake tu, bila kumjua aliyeziimba. Mwanamke asiyejua kusoma akawa kitabu cha kusomwa.

Siti alifariki tarehe 8 Julai 1950, akiwa na umri wa miaka kama 70. Mwaka uliofuata, 1951, matangazo ya redio yalianza Dar es Salaam. Hakuwahi kukaa karibu na redio ya Tanganyika akajisikia. Sisi ndio tuliomsikia.

Jina lililobaki

Baada yake jina Siti lilianza safari nyingine. Lilitoka katika majumba makubwa likaingia katika nyumba za kila mtu. Leo mtoto wa mvuvi anaweza kuitwa Siti, na hakuna anayeuliza amelipata wapi. Chama cha Wanahabari Wanawake Tanzania, TAMWA, kilichoanzishwa mwaka 1987, kiliita jarida lake Sauti ya Siti, kwa kumkumbuka mwanamke aliyesema wakati wanawake wengi hawakusikika. Kitukuu chake, Siti Muharam, naye ni mwimbaji, na mwaka 2020 alitoa albamu ya nyimbo za bibi yake.

Yupo pia aliyemfuata katika njia ile ile ya kuimba, naye kwa jina la ajabu. Fatma binti Baraka, aliyefariki mwaka 2013, dunia nzima ilimwita Bi Kidude. Kidude ni kitu kidogo. Alipewa jina hilo kwa sababu alizaliwa mdogo sana. Kitu hicho kidogo kiliimba hadi uzeeni katika majukwaa ya Ulaya na Asia.

Turudi Nyalikungu. Kuna mambo mawili tunayoweza kuyachukua.

La kwanza ni la mzazi. Jina unalompa mtoto linaeleza siku yako, si siku zake. Njaa iliyokuwepo alipozaliwa itapita, ugomvi utaisha, lakini yeye ataendelea kuitwa. Kabla hujamwita binti yako Shida au Tabu, fikiria atakavyolijibu jina hilo darasani, ofisini, na siku ya kuolewa. Waliomwita binti Saad jina la Mtumwa hawakuwa watu wabaya. Waliandika hali yao juu ya mtoto, na mtoto akaibeba kwa zaidi ya miaka 30.

La pili ni la msichana ambaye tayari ana jina la namna hiyo. Jina lako lina historia, na historia hiyo si kosa lako wala si hukumu yako. Muulize bibi au mama yako lilitoka wapi, kwani mara nyingi nyuma ya jina zito kuna mtu aliyevumilia mengi ili wewe uwepo. Wapo waliojitwisha majina yao hadi yakabadilika maana. Wapo waliopewa majina mapya na watu walioiona kazi yao. Mtumwa binti Saad alitoka Fumba na vyungu kichwani. Mji uliomjua kwa jina la chini ulisimama kumsikiliza, halafu wenyewe ukaamua kumwita Bibi.